Papa, Ulisahau Kinasa Sauti Kifuani

Papa wangu,

Jumamosi tunaonyesha filamu yako pale kijijini kwetu Yanonge, na mimi bado nagombana nawe.

Siku ile ya kukausha samaki nilikufungia kinasa sauti chini ya kola. Ukacheka: "Sasa mama, unanivalisha tai?" Kisha ukateremka mtoni na Tonton, mdogo wako, ukasahau kwamba kile kidude kinasikia. Mimi nilibaki juu nikipiga picha za moshi. Ndivyo ninavyofanya kazi: kamera mimi, sauti mimi, kukata na kuunga mimi. Hakukuwa na mwingine wa kusikiliza.

Sauti hiyo niliisikia mwezi uliopita, wewe ukiwa kaburini tayari.

"Mutoto asijue," unasema, halafu kikohozi kirefu. "Amalize filimu yake kwanza."

"Bon, na akiuliza?"

"Sema iko moshi ya samaki."

Papa! Kazi hii sikusomeshwa na mtu. Kamera niliinunua kwa kupiga picha kwenye harusi za watu, Jumamosi baada ya Jumamosi. Nina saa thelathini na moja za picha zako, na zile nilizojisifia zaidi umenipa mgongo. Nilidhani ni heshima ya mvuvi mbele ya mto wake. Kumbe ulikuwa unakohoa. Kutoka Yanonge hadi hospitali ya Kisangani, mtumbwi wa mota haumalizi siku. Tangu siku ile ulikuwa umebakiza miezi mitano ya kuishi. Hesabu hiyo ningeifanya mimi, lakini mliifanya wawili bila mimi.

Jana Tonton alikuja chumbani ninapounganishia filamu. Nikamsikilizisha.

"Ondoa hiyo, mutoto. Marehemu aliniachia siri."

"Aliyefiwa na baba ni mimi, Tonton."

"Donc utanipatisha haya mbele ya Yanonge yote?"

Nikamsogezea kiti. Akakaa, akatazama sakafu, kisha akasema taratibu, "Rudisha tena." Nikarudisha, kisha tena. Mara ya tatu nilijua hasikilizi tena maneno, anasikiliza sauti yako tu. Akaondoka bila kuniaga.

Nimeiacha sauti hiyo ndani ya filamu. Sekunde ishirini na mbili, juu ya mgongo wako, bila muziki. Unikasirikie huko uliko; mimi nakukasirikia hapa. Pale Yanonge kuna wazee wengine wanaosingizia moshi, na Jumamosi watoto wao watakuwa wameketi kando yao. Namtaka mmoja tu ageuke, amtazame babake usoni, amuulize.

Pumzika, kama unaweza.

Binti yako mkubwa