Sentensi za Ijumaa

Ruwi, Maskati
Jumapili

Mjukuu wangu Buthaina,

Assalaam alaykum. Vipi hali yako huko Ujerumani? Unakula, au bado unatafuna ile mikate mikavu uliyonionesha kwenye picha? Mimi bibi yako mzima, magoti tu ndiyo hayanitii. Barua hii anakuletea ami yako Yazid, na nimemkataza kuifungua.

Utauliza kwa nini nnaandika na simu ipo. Kwa sababu kwenye simu unanikata maneno. Skuli nimesoma madarasa matatu tu, lakini kuandika najua, basi soma mpaka mwisho na usirukeruke.

Kheiria ameondoka. Ijumaa hii hapana wa kukusemea sentensi zako.

Unajua tangu mwanzo sikuipenda kazi yako. Wenzio wanasomea udaktari, wewe umekwenda Ulaya kusomea Kigurage, lugha ya Kheiria, mwanamke wa Kihabeshi anayetupikia hapa jikoni miaka tisa. Ukanijibu kwamba lugha hiyo na Kiarabu ni ndugu, na kwamba lahaja ya kijiji chao haijaandikwa na mtu. Haya, nikakubali. Kila Ijumaa baada ya sala Kheiria ananawa unga mikononi, anakaa mkekani, mimi nashika ile simu ya kurekodia, namsomea orodha yako kwa Kiswahili, yeye anaigeuza kwa kwao. Mtoto analia. Mtoto alilia. Mtoto hajalia. Akiuliza huyo mtoto wa Buthaina hapewi maziwa? Tukicheka. Nikajivuna hata kwa jirani Balqis, nikamwambia kitabu cha mjukuu wangu kinaandikwa jikoni kwangu.

Sasa sikiliza. Jumatano, wiki mbili zilizopita, kaka yake Kheiria alinipigia mimi. Aliwahi kufanya kazi Jedda, Kiarabu anakijua. Akanambia mama yao amefariki, na kwamba kwao wote wamenyamaza wakingoja nimwambie mimi kwa mdomo wangu, kwa kuwa Kheiria ananiona kama mzazi. Akaniomba nimpeleke upesi akakae matanga na dada zake. Nikamwambia nimesikia.

Sikumwambia. Zilibaki Ijumaa mbili tu orodha imalizike, na ulishanieleza kwamba bila ya hizo mwalimu wako hatokipokea kitabu. Nikasema moyoni, mbona babu yako Hamood alipokufa tulikuficha wiki tatu mpaka ukamaliza mtihani? Kwetu mtu aliye katikati ya masomo hapewi msiba. Nikajiona nna busara. Wala sikujiuliza kama anayesoma ni Kheiria au ni wewe.

Ijumaa ikaja orodha yako. Mama yangu amekufa. Mama yako amekufa. Tulimzika jana. Hatujamzika. Wewe hukujua, sikulaumu. Mimi nilijua, na ningeweza kuziruka. Nikazisoma moja baada ya moja. Kheiria akasema kwanza Mungu apishie mbali, akacheka, kisha akazisema zote. Lile neno la kufa nililitambua, maana kweli ni ndugu na la Kiarabu. Nililisikia mara nane. Moja nikamwambia airudie, kwa sababu nje gari lilipiga honi.

Jumanne alikwenda Hamriya kununua buni kwenye duka la Wahabeshi, na mwanamke wa kijiji chao akampa mkono wa taazia. Akarudi, akaiweka buni mezani, akaniuliza kama nilikuwa nnajua. Nikasema ndiyo. Hakupiga kelele. Akaiomba ile simu ya kurekodia, akazungumza humo kwa kwao muda mrefu, jina lako akilitaja. Alipomaliza akanambia hiyo ndiyo orodha ya mwisho. Yazid akampeleka uwanja wa ndege. Mkono wangu hakuubusu, na mimi sikuthubutu kuunyoosha.

Zile sentensi za kufa zifute, kitabu kikipungua kipungue. Simu yenyewe anayo Yazid. Maneno ya mwisho ya Kheiria yamo humo. Neno la kufa nimelisikia mara mbili. Mengine siyafahamu, na hapa Maskati hapana nnayethubutu kumpa ayasikilize. Wewe lugha unaijua. Kaa uyasikilize, kisha unieleze yote, hata kama amenilaani.

Balqis anakusalimu, na shangazi zako wote. Vaa soksi nzito. Na nshakwambia: usinifiche.

Bibi yako,
Nasriya