Magunia ya Wei na Uji wa Riziki

Kwa dada yangu Mwanatumu, Msambweni.

Assalaam alaykum warahmatullahi wabarakatuh. Shikamoo dada. Najua umeipokea barua hii huku umenuna, na nakuomba uketi uisome hadi mwisho kabla hujaikunja. Mimi mdogo wako Mishi ni mzima kwa uwezo wake Mola, isipokuwa usingizi umenihama. Wewe hujambo? Shemeji Omari hajambo? Goti lako limepoa, au bado linakuuma ukichuchumaa mekoni? Na mwanangu Riziki, tumbo lake linaendeleaje? Hilo la mwisho ndilo ninalotaka kulijua kuliko yote, na ndilo usilonijibu tangu tulipogombana kwa simu.

Mimi niko ghala lilelile la bandarini, kazi ileile ya kushona midomo ya magunia. Joto la huku Ghuba unalijua kwa kusikia tu, dada. Ukitoka nje mchana kope zinakauka. Ndani ya ghala wametia baridi, lakini baridi hiyo ni ya unga, si ya sisi wanawake tunaoushona. Hukuwahi kuniuliza magunia hayo yana nini, na mimi sikuwahi kukueleza, maana niliona haya. Leo nitakueleza, kwa sababu ugomvi wetu wote umo humo.

Unakumbuka mama akigandisha maziwa kwenye kibuyu kule Kinango, yale maji ya rangi ya majani mabichi yanayojitenga na mtindi? Alikuwa akimmiminia ndama. Basi Wazungu wakitengeneza jibini, maji kama hayo hubaki mengi mno, na wao huyaita wei. Zamani walikuwa wakiyamwaga mashambani au kuwanywesha wanyama. Siku hizi wanayakausha yakawa unga, wanautia kwenye magunia, na dunia nzima inaugombania. Wananyang'anyana, dada, na kitu chenyewe ni maji ya mtindi.

Kuna kioo kikubwa ofisini kinachoonyesha bei, na mabosi wanakitazama kama watu wanaosubiri matokeo ya mpira. Vijana wanaonyanyua vyuma wanautaka. Matajiri wanaodungwa sindano za kupunguza mwili wameambiwa na madaktari wao waule, wasije wakapukutika. China inanunua meli nzima kwa ajili ya nguruwe wao, astaghfirullah, kisha wakubwa wa dunia wakigombana juu ya ushuru, China inaacha kununua na kioo kinageuka rangi. Viwanda vya Ulaya na Marekani vimeona faida iko kwenye wei iliyo kali, ile inayochujwa sana kwa ajili ya wanyanyua vyuma, basi ule unga wa kawaida, mtamu, wa kutia kwenye biskuti na uji, umekuwa haba na ghali. Zamani tukishona mzigo wa Mombasa ulikuwa ni huo mtamu. Wanunuzi wa kwetu walipoushindwa, wakateremka daraja. Mzigo wa Mombasa siku hizi ni wa aina ya mwisho kabisa, ule wa ndama.

Huo wa ndama umechanganywa mafuta, madini, na dawa ya kuwazuia ndama wachanga wasiharishe. Si kitu kibaya kwa ndama. Gunia lake limeandikwa waziwazi kwa Kiarabu upande wa juu, na chini limechorwa kichwa cha ndama, kikubwa, ili hata asiyejua kusoma asikosee. Nilipoona magunia hayo yakienda Mombasa kwa wingi nilisema moyoni, alhamdulillahi, wafugaji wetu wameendelea. Nilifurahi kama mjinga.

Kisha ukanitumia ile picha. Umesimama uwanjani kando ya gunia, umejifunga leso yako ya bluu, beseni la unga wa mahindi na wimbi liko mbele yako, na uso umekunjuka kwa furaha ambayo sijaiona kwako tangu uolewe. Ukanirekodia na sauti, ukasema, “Mishi, shemejio kaniletea unga wa maziwa wa Waarabu kutoka Samburu hii yetu ya Kwale, njia ya Nairobi. Umeandikwa Kiarabu. Nimewasomea kina mama herufi moja moja, na mwalimu wa chekechea kauchukua kwa uji wa watoto wote.” Kisha ukanisomea na mimi maandishi yenyewe.

Nilikuonea fahari, dada, wallahi. Miaka yote umewapikia watu na hakuna aliyekusifu, sasa umepata biashara yako, wanawake wanakuja na mabakuli kwako. Halafu nikaikuza ile picha, nikauona uzi mwekundu kwenye mdomo wa gunia. Ni uzi wetu wa ghalani. Labda ni mimi mwenyewe niliyelishona.

Mimi na wewe tulisoma chuo kimoja cha Kurani, kwa fimbo moja. Msahafu tunausoma bila kukwama, lakini Kiarabu cha dukani hatukufundishwa, wala hakuna aliyetuambia kwamba tunakihitaji. Kwetu chochote chenye herufi zile tunakiokota chini tukakiweka juu ya kabati, hata kiwe karatasi ya sabuni. Mimi nilipofika huku ndipo nilipoona wanaziandika hizohizo kwenye mapipa ya taka. Kwa hivyo sikukucheka. Nilichukua simu, ili nipate hakika ni unga gani, nikampelekea msimamizi wetu, mama mmoja wa Kimisri, nikamwekea sauti yako unapoyasoma yale maandishi. Akasema umesoma vizuri sana, hukukosea hata herufi moja: alaf lil-ujul. Akacheka, akaniuliza ni nani anayefuga ndama kwetu.

Nikamwambia, “Ni uji wa watoto.”

Akaacha kucheka. Akaniambia, “Mishi, maana yake ni chakula cha ndama. Piga simu sasa hivi.”

Nikapiga. Yaliyofuata unayajua, lakini niruhusu niyaandike, kwa sababu kwenye simu ulikuwa unapiga kelele na mimi nalia, na sidhani kama kuna aliyemsikia mwenzake. Ulisema gunia lina muhuri wa halali. Kweli linao. Hata nyasi ni halali, dada, lakini hatumlishi mtoto nyasi. Ulisema watoto wanaupenda na wamenona. Ulisema yule daktari wa mifugo wa Samburu aliyemuuzia shemeji huuza na dawa za binadamu pia na hakuna aliyekufa. Kisha ukasema lile neno, kwamba nimekaa Ghuba nimejiona bibi mkubwa, na roho inaniuma kukuona nawe unapata. Ukakata simu. Tangu siku hiyo hupokei, na shemeji alinijibu mara moja tu, akaniambia nisiwavunjie nyumba.

Roho inaniuma, ndiyo. Inaniuma kwa sababu wewe mwenyewe uliniambia kabla ya ugomvi kwamba Riziki anaharisha, anapoa, anaharisha tena, na mgongoni ametoka vipele. Ulisema ametiwa jicho la husuda, kwa vile alipendeza sana siku ya harusi ya jirani. Mkampeleka kunyweshwa kombe, yale maji yaliyooshewa aya za Kurani. Sikatai kombe, mimi pia nimelelewa nalo. Lakini mnamnywesha kombe asubuhi, na jioni mnampa uji uleule.

Sisemi kwamba uji ndio uliomuumiza. Mimi nashona magunia, si daktari. Huenda ni meno, huenda ni maji, huenda ni hilo jicho. Ila dawa iliyomo humo imepimwa kwa uzito wa ndama, na Riziki nilipomwacha nilikuwa nambeba mkono mmoja huku nachota maji kwa mwingine. Sijui itamfanya nini. Wewe hujui. Na yule mtu wa Samburu aliyemuuzia shemeji hajui na wala hajali. Kila gunia la ndama nalishona na kulifumua, mpaka msimamizi amenihamisha upande wa biskuti.

Kuna neno jingine, na hili nakuomba usilisome kwa sauti. Angalia ile picha tena. Sehemu ya chini ya gunia, pale panapokaa kichwa cha ndama, pamekatwa kwa kisu, pamenyooka, halafu pakashonwa kwa uzi mwingine mweupe. Gunia halikuraruka kwenye lori. Mtu alikata picha akaacha Kiarabu, kwa sababu alijua pwani yetu Kiarabu kinauza. Mtu huyo yuko Samburu, au yuko njiani, au yuko karibu zaidi. Simtuhumu shemeji Omari. Ameniheshimu siku zote, na mwanangu amemlea kama wake. Ila mwulize mkiwa wawili, chumbani, na umtazame machoni anapokujibu. Ukishajua, usiniambie mimi kama hutaki.

Yaliyobaki ni ya kufanya, wala si mengi. Usiuuze huo unga kwa mtu mwingine, hata kwa hasara. Usiwape mbuzi wala kuku, waulize kwanza watu wa mifugo. Kata kipande cha gunia chenye maandishi, uende nacho hospitali Msambweni pamoja na mtoto yeyote anayeharisha, ili daktari ajue wamekula nini. Najua itakutia aibu. Najua kina mama watasema, na watakaosema zaidi ni wale waliokuwa wa kwanza kukusifu. Ungenisikia nilivyolia kwa ajili ya aibu hiyo usingeniambia roho inaniuma. Ulikosea kwa kuheshimu maandishi, na kila mwanamke aliyeinua bakuli lake kwako angekosea vivyo hivyo. Lakini sasa umeambiwa, dada. Kuanzia leo haitakuwa tena kwamba hukujua.

Nilitaka kuja mwenyewe. Niliomba ruhusa nikaambiwa mkataba haujaisha, na pasi yangu ya kusafiria imo kabatini mwao. Basi nikampigia mama Kinango, nikamweleza yote. Akaniambia mtoto hatolewi nyumba ya mtu kwa maneno ya simu, niandike kwa mkono wangu, ili wewe uwe na kitu cha kushika mtu akikuuliza ulimtoa kwa idhini ya nani. Ndiyo sababu unasoma karatasi.

Nisalimie shangazi yetu anayeuza mihogo sokoni, mwambie dawa yake ya mgongo nimeinunua na nimeituma. Msalimie jirani yako aliyekuwa akimbeba Riziki ulipougua goti, Mungu amlipe. Msalimie mwalimu wa chekechea kwa heshima. Shemeji mpe salamu zangu, na hizo si za kinafiki. Mama amekwisha kukusalimia kupitia kwangu, amesema hana hasira nawe, anakungoja.

Sasa inua uso umtazame aliyekuletea barua hii. Jina lake Zuena, ni wa Ukunda, tunalala chumba kimoja huku na amerudi kwa likizo. Hakuja kutembea. Amekuja kumchukua Riziki ampeleke Kinango kwa mama leo hii, gari la Kwale kisha la Kinango. Maji kule ni ya shida, najua, na mama amezeeka, ingawa ameahidi kumpeleka hospitali ya huko. Hata hivyo mfungie nguo zake. Mtie na ile shuka anayolala nayo. Njiani asile chochote isipokuwa alichonacho Zuena.

Wakitoka kwako watapita chekechea, na Zuena atamwonyesha mwalimu picha ya gunia na maana ya maandishi. Hilo sitalirudisha nyuma, hata ukinikana udada. Watoto wa pale wana mama zao, na hakuna hata mmoja kati yao mwenye mtu ghalani wa kumtafsiria. Lakini nimemwomba Zuena akungoje barazani mpaka ujitande buibui. Tangulia wewe. Nataka kina mama walisikie kinywani mwako, wakuone umekuja kwa miguu yako na goti lako bovu, kabla hawajalisikia kwa mgeni.

Riziki atalia. Anakuita wewe mama, na mimi ananiita Mishi wa simu, na haki ni yako, wewe ndiye uliyekesha naye. Usimdanganye kwamba anakwenda kutembea. Mwambie ni mamake aliyeagiza.

Mimi mdogo wako nikupendaye,

Mishi, mamake Riziki.