Mkono Niliompa Jenerali

Jumatano, usiku.

Mkono huu, basi, ndio uliosimamisha majeshi matatu.

Nilikwenda kambini Simi-Simi kumwomba jenerali wa waasi amwache nyuma mwanangu Ramazani, mpiganaji wake. Vikosi vyote vitatu vilivyoungana chini yake vilipangiwa kwenda kupigana Bengamisa kesho. Nilivaa koti. Kisha, kwa adabu niliyofundisha darasani miaka thelathini, nikamshika mkono.

Mpiganaji aliyeogeshwa dawa ya kukinga risasi haguswi na asiyeogeshwa. Akiguswa, dawa inakufa. Mji mzima unajua. Mwalimu alisahau.

Jenerali aliruka nyuma. “Papa, umeniua.”

Kapteni kutoka Maniema akacheka. “Bon, donc hatuendi. Mwalimu ameshinda vita.”

“Nyamaza,” jenerali akamwambia. “Mutafute munganga.”

Mganga yuko safarini, atarudi Ijumaa. Hadi hapo hakuna kikosi kitakachoondoka, na makamanda washirika wananung’unika. Mimi nilifukuzwa kabla sijalitaja jina la Ramazani.

Nimempatia mwanangu siku moja, tena kwa usahaulifu, si kwa ufasaha. Ijumaa sitakuwa na hata usahaulifu wa kutegemea.