Usiweke Sahihi, Mama Mumbua

Kabiro, Kawangware, Nairobi

Kwako Mama Mumbua,

Ni mimi mume wako Nzioka, miaka sabini na nne kamili, mtu ambaye malandilodi watano wa hapa Kabiro wameingia kaburini wakamwacha bado anakaa kwa nyumba zao. Mafoomani wote, wasimamizi wa mjengo walionifundisha kazi, nimewazika, na wale wawili walionifukuza pia nimewazika, na niliwachangia. Nimepita bomoabomoa mara tatu. Ile nyundo niliyonunua mwaka Mumbua alizaliwa imebadilishwa mpini mara tisa, na mimi bado natumia miguu ile ile niliyotoka nayo kwetu. Kwa hivyo ukiona bahasha usishike kifua. Hakuna aliyekufa. Mimi ni mzima, ni goti tu.

Na wewe je? Mgongo unakuacha ulale? Kile kikohozi cha asubuhi kimekuhurumia? Hapa tunasikia mvua imenyesha Ukambani, lakini sijui kama ni mvua ya kweli ama ni ile ya redio. Yule ng'ombe mweusi amezaa?

Barua hii nimeandika kwa mkono wangu mwenyewe, siku tatu, kwa meza ya kupigia pasi. Yale masomo ya watu wazima, ya ngumbaru, uliyokuwa ukinicheka ndiyo haya unayosoma. Wewe ulifika darasa la saba, ukiona kosa lirekebishe huko huko, usinitangazie kanisani. Ningepiga simu, lakini mara tatu nimepiga na mara tatu umekata ukisikia tu neno shamba. Barua haikatwi katikati. Unaweza kuitupa kwa jiko, lakini nakujua, utaisoma kwanza.

Naandika juu ya ile fomu ya kuuza shamba la mtoni, ile niliyokutumia uweke sahihi kwa sababu serikali inasema mume hawezi kuuza kama mke hajakubali. Nimesikia umeiweka chini ya godoro. Iache hapo hapo. Usiweke sahihi. Soma tena kama macho yako hayaamini. Mtu kama mimi habadilishi neno bure, kwa hivyo nitakueleza nilivyofika hapo, na ukivumilia mpaka chini utasikia na lingine ambalo ni zito kwangu kuliko hilo.

Unajua Mumbua alipata nyumba mtaa wa Satellite, karibu na kliniki anayofanyia kazi ya nesi. Chumba kimoja cha kulala, sebule, maji ndani, ghorofa ya pili. Milioni tatu na laki nane. Benki ilisema itampa mkopo wa milioni tatu, alipe kila mwezi miaka ishirini, yeye aweke laki nane ya kwanza. Kwa sako ya kazini, ile ya akiba, alikuwa na laki tano. Zikabaki laki tatu. Na mtu wa laki tatu alikuwa amesimama pale kwa shamba la mtoni akihesabu hatua. Nakubali, Mumbua hakuniomba. Ni mimi nilisema liuzwe, na ni mimi nilimtafuta mnunuzi, kupitia kaka yako Musyoka. Nilitaka watu wa hapa waseme binti ya Nzioka ana nyumba yake, na baba yake ndiye aliyeweka msingi.

Nikaenda naye benki. Nilivaa koti. Kuna msichana alitukalisha vizuri, akatuletea maji, akaeleza mambo ya riba ya asilimia kumi na tatu na miaka ishirini. Nikamwacha amalize kisha nikamwambia, madam, umesema vizuri, sasa punguza. Akacheka akasema, "Mzee, usijali, riba yetu inapungua. Kila mwezi inapungua." Nikamuuliza mara ya pili mbele ya Mumbua, akasema ndiyo, inapungua.

Sasa wewe unanijua mimi sokoni. Muuzaji akishasema inapungua, mimi nimeshashinda, ni kulipa na kwenda. Nilitoka pale nikijua nimeipunguzisha benki bei, mimi, mtu wa ngumbaru. Nikasema kwa kinyozi. Nikasema kwa mjengo. Jumapili nikasimama kanisani kwa ushuhuda, nikasema Mungu ameilainisha mioyo ya wenye pesa, na watu wakapiga makofi, na pasta akanitaja kwa mahubiri. Jumatatu nikakutumia fomu.

Halafu nikaenda Silanga, kule Kibera, kumwambia Odhiambo. Huyu ndiye yule Mjaluo mrefu tuliyejenga naye miaka thelathini, yeye akichonga mawe na mimi nikiyapanga, aliyekuja kwetu kwa mazishi ya ndugu yangu akamaliza uji wote. Mke wake alikuwa nje akipima makaa kwa mkebe, akanipa kiti. Nikaeleza yote. Odhiambo hakupiga makofi. Aliingia ndani akatoka na karatasi ya mtoto wake mkubwa, ambaye alichukua mkopo kama huu wetu, milioni tatu, miaka ishirini, asilimia ile ile. Amelipa miaka mitano, hajawahi kuruka mwezi hata mmoja.

"Omera, ndugu yangu, soma ya chini," akasema.

Nikasoma. Kijana amelipa milioni mbili na laki moja. Deni lilikuwa milioni tatu. Deni lililobaki ni milioni mbili, laki saba, elfu sabini na nane.

Nikasema benki imeiba. Akasema hakuna aliyeiba, yeye pia alienda kule na rungu la maneno akaelezwa akarudi kimya. Nikamwambia hiyo ni benki ya Wajaluo, wanapenda Kiingereza wakasaini bila kuuliza bei, yangu mimi niliipunguzisha. Akasema, "Mkamba atapunguziwa hata jeneza, mpaka siku ya mazishi miguu iko nje." Mke wake akacheka mpaka akaweka mkebe chini. Mimi nikachukua kofia yangu nikatoka bila kuaga, na nilitembea na goti hili kutoka Silanga mpaka barabara nikiwa na hasira ya kutosha watu watatu.

Lakini ile namba ya chini ilinifuata. Jumamosi nikamwita Mumbua aje na makaratasi ya benki. Na Odhiambo akaja pia, sikumwita, alisema amekuja kuangalia kama nimekufa kwa aibu.

Tulikaa nje hapa kwa ploti, kando ya yale mawe landilodi ameweka ya ukuta. Mumbua akasoma ule mwezi wa kwanza. Malipo ni elfu thelathini na tano na mia moja na kitu. Ndani yake, elfu thelathini na mbili na nusu ni riba. Elfu mbili na mia sita ndiyo inaenda kula deni. Akaeleza pole pole, kama anavyoelezea wagonjwa. Kupungua si bei. Riba inahesabiwa kwa deni lililobaki, kwa hivyo deni likishuka na yenyewe inashuka. Lakini deni likishuka kama konokono, riba nayo inashuka kama konokono.

Hizo namba zilikuwa zinapita kwa kichwa changu kama maji kwa kichungi. Mimi nahesabu kwa mawe, unajua. Nikamwambia Odhiambo abebe mawe kumi na tatu na kipande kimoja, hayo ndiyo malipo ya mwezi. Akabeba akinung'unika. Nikamwambia weka jiwe moja hapa, huu ndio ukuta wa Mumbua. Hayo mengine kumi na mbili na kipande weka kule, hayo ni ya benki.

Mama Mumbua, nilisimama nikaangalia. Jiwe moja. Nimejenga miaka karibu hamsini, na fundi akichukua mawe kumi na tatu akapanga moja, mimi mwenyewe ningemtoa kwa mjengo nikimtupia viatu. Nikauliza, na mwezi wa pili? Mumbua akasema vile vile, lile jiwe linaongezeka unene wa ukucha. Na hiyo miaka ishirini yote jumla ni ngapi? Akasema milioni nane na laki nne. Kwa mkopo wa tatu. Tunalipa zaidi ya nyumba mbili, tunalala kwa moja. Na kulikuwa na karatasi nyingine ya wakili, na mtu wa kukadiria bei, na stampu, na bima ya kila mwaka. Hiyo nilimwambia aikunje.

Hapo nikajua jambo moja lingine. Wewe ulikuwa umeniambia kwa simu, kabla hujaanza kunikatia, kwamba pesa ya haraka ina njaa. Nilisema wewe ni mwanamke wa shamba hujui benki.

Odhiambo akamuuliza Mumbua, na kama ni miaka kumi? Mumbua alikuwa ameshapiga hesabu hiyo zamani, ilikuwa nyuma ya karatasi. Elfu arobaini na nne na mia nane kwa mwezi, jumla milioni tano na laki nne karibu. Yaani akiongeza elfu kumi kwa mwezi, tena kasoro kidogo, milioni tatu inabaki mfukoni mwake. Karibu nyumba nyingine, kwa elfu kumi.

Nikasema basi ongeza, ni nini shida. Mshahara wako utabeba ile thelathini na tano, tafuta hiyo kumi. Akaangalia chini. Nikasema nenda kwa matumizi yako, tazama kitu usichohitaji ukikate. Akazidi kuangalia chini. Odhiambo akasema anaenda kuangalia kama mvua inakuja, na jua lilikuwa linawaka.

Hili ndilo lile zito nililokuahidi.

Mimi sijalipa kodi ya chumba hiki mwaka wa pili huu. Nilikuambia nimekuwa foomani, nakaa kwa kiti naonyesha vijana. Kiti kipo, ni cha hapa kwa mlango. Tangu goti liharibike sijapanda ngazi hata moja. Kwa mjengo naenda kupiga hadithi tu. Kodi ni Mumbua, unga ni Mumbua, sindano za goti ni Mumbua. Hata ile pesa ya Krismasi niliyokutumia nikakuambia ni ya jasho, jasho lilikuwa la kwake. Nilimkataza asikuambie. Usimlaumu.

Nikamuuliza, "Mumbua, mimi ni shilingi ngapi kwa mwezi?"

"Baba, usiulize hivyo."

"Mimi ni fundi. Nipe bei."

Akakunja karatasi, akasema, "Elfu kumi. Mwezi wa dawa, kumi na mbili."

Nilimshika kichwa kama nilivyokuwa nikimshika akiwa mdogo. 

Basi tumepatana hivi. Shamba la mtoni haliuzwi. Ulilichimba matuta kwa mikono yako na wenzako wa kikundi cha mwethya mimi nikiwa huku, kwa hivyo hata sikupaswa kulitaja. Mumbua ataweka ile elfu kumi kwa sako, miaka miwili na nusu laki tatu imetimia. Ile ya Satellite ikiwa imeenda, atatafuta nyingine, Nairobi haiishi nyumba. Akichukua mkopo, ile kumi inaendelea juu ya malipo, na itakuwa miaka kumi, si ishirini. Atamaliza kabla hajawa mzee. Na ili elfu kumi ipatikane, mimi ninatoka huku.

Nilikuwa nimesema sirudi mpaka niache nyumba Nairobi. Nilisema mara nyingi, na ukanyamaza mara nyingi. Baada ya yale mawe nilikaa nikahesabu kitu kingine ambacho Mumbua hakukiona. Tumeoana miaka arobaini na minane. Mimi nakuja Desemba, wiki tatu. Nikahesabu hizo Desemba zote, nikaongeza na siku za mazishi, nikarudia mara mbili nikidhani nimekosea. Tumekaa pamoja haijafika miaka mitatu, Kanini mke wangu.

Kwa hivyo nauliza, siamuru. Kama kuna nafasi, nitakuja. Sili sana siku hizi. Goti haliwezi ngazi lakini matuta hayana ngazi, nitakujengea kingo za mawe pale mvua inapobeba udongo wako, na hakuna mtu Ukambani mzima anayepanga jiwe kunishinda, hilo sitalitubu. Ukikataa nitaelewa, lakini nitakuja uniambie nikiwa nimesimama hapo.

Nisalimie Kalunde, mjane wa ndugu yangu, na watoto wake. Nisalimie kaka yako Musyoka, umwambie yule mnunuzi aliyemleta arudi na hatua zake. Wasalimie akina mama wa mwethya, wote, hata yule asiyenipenda.

Na kwa sababu nimekudanganya miaka miwili, sikuombi uniamini hivi hivi. Muulize Mumbua, karatasi za benki anazo. Muulize Odhiambo wa Silanga, aliyabeba mawe na mpaka leo analalamikia kiuno. Halafu mpigie Mama Njeri, keateka anayetunza ploti yetu, Mumbua atakupa namba. Yeye ndiye nilimpa notisi ya kuhama chumba hiki, namba sita, mwisho wa mwezi huu. Aliniuliza mara mbili kama nina hakika, ndipo akaandika kwa kitabu. Atakuambia pia kwamba kitanda nimeshamuuzia, na sasa nalala kwa mkeka.

Mume wako,
Nzioka