Njia ya Kahawa ya Baba

Kaka Twaibu,

Salamu kutoka Bwera. Mama hajambo, na mbuzi wako amezaa mapacha.

Umesikia kwamba nawanywesha wazungu pombe. Mimi nawapandisha mlima na kuwasimulia habari za kijiji; mvinyo wa ndizi anaugawa jirani yetu Naome. Jana mgeni alininyooshea kikombe. Nikamwambia, "Mimi iko Muislamu, mama. Uliza Naome utamu yake."

Unaniamuru niache, eti namwaibisha marehemu baba. Kaka, njia tunayopanda ndiyo aliyopitishia kahawa ya magendo kwenda Kongo, na kahawa hiyo ndiyo iliyokusomesha dini. Yeye alipita akijificha. Mimi napita mchana, namtaja kwa jina, na wageni wanampigia makofi.

Siachi. Ukitaka kunizuia, vaa viatu vya mlima unifuate.

Dada yako,
Asmah