Gitaa la Pili la Mzee Ramadhani

Jumanne, 6 Mei
Mazoezi sebuleni kwangu, Wembley, kama kila Jumanne. Jirani kagonga ukuta hata saksafoni sijaitia mdomoni. Tumefika wachache. Idi wa gitaa la ridhimu hakuja, bado kanuna tangu nilipomwambia kile kinanda chake kinachojipigia ngoma na besi akapigie matangazo ya sabuni. Sijutii. Bendi hii tuliianzisha tupige jazi kama walivyopiga baba zetu Tabora: magitaa, tumba, saksafoni, mwanzo wa taratibu, kisha chemko, mwendo unapopanda na watu kuinuka. Anayetaka mashine aende zake.

Mzee Ramadhani, mpigaji wetu wa gitaa la pili, kasubiri chai iishe ndipo aseme. Anarudi Tanga, jumla. Binti yake kashakata tiketi, Jumatatu ijayo.

Nikajibu "safari njema" kama zuzu.

Alhamisi, 8 Mei
Kazini Hayes nimebandika lebo za Leeds kwenye mzigo wa Manchester. Akili iko kwenye "Sikonge". Wimbo ule wa Tabora tunaupiga siku zote, ila haukuwahi kurekodiwa. Anayejua gitaa lake la pili ni Mzee peke yake. Alilipiga akiwa kijana, enzi za suruali pana. Akiondoka nalo, tutabaki na wimbo kibogoyo. Naogopa.

Ijumaa, 9 Mei
Nimekwenda kwake Harrow, nimrekodi kwa simu. Kakaa kitandani katikati ya masanduku. Kaanza, kakwama. Kaanza tena, kakwama palepale. Gitaa la pili la zamani halisimami lenyewe. Linaijibu ridhimu, linaingia pale ridhimu inapopumua. Nikamwigizia ridhimu kwa mdomo. Kacheka hadi kakohoa.

"Hamisi mwanangu, mkono hauji bila mwenzake. Mwite Idi."

Nikasema afadhali nimwite shetani. Kwa hasira nimepitiliza kituo.

Jumamosi, 10 Mei
Nimempigia Idi. Sikuomba radhi, naye hakudai. "Kesho nina shift mpaka saa nane, then nakuja," kasema. Basi.

Jumapili, 11 Mei
Idi kaja Harrow na gitaa tu. Salamu za kuvutana. Kisha akaanza ridhimu, na vidole vya Mzee vikaamka. Mungu wangu. Nilikuwa mtoto tena, nimening'inia dirishani pa ukumbi wa dansi, mama ananitafuta na fimbo. Nikasahau kupuliza. Tumeurudia mpaka simu imeupata wote, mwanzo hadi chemko. Idi kalia waziwazi. Mimi nimejifanya nafuta saksafoni.

Jumatatu, 12 Mei
Heathrow. Mzee kaniachia gitaa lake. Eti ndege haitalipokea. Mwongo mkubwa. Nampenda mzee yule.

Jumamosi, 28 Juni
Harusi ya Wakenya, Harrow. Tumepiga "Sikonge". Saksafoni nimeiacha nyumbani, nimeshika gitaa la pili mimi. Wiki zote hizi nimejifunza simu ikiwa sikioni, kwenye treni, kazini, jikoni. Watu wamecheza vizuri. Mama mmoja wa makamo kaja kunishika mkono, kasema hajasikia muziki wa namna hii tangu kwao Mombasa.

Kwenye chemko nimekosea mahali pawili. Makosa ya wazi kabisa. Nikasubiri mtu ageuke aniangalie. Hata Idi hakugeuka. Ukumbi mzima, aliyejua ni mimi tu.