Kanga Yako na Shimo Linalopumua

Mama, shikamoo. Mimi mzima, na namshukuru Mungu, maana jana nusura nisirudi.

Huku kwenye bahari ya Umeru wanakutafunisha jani chungu, halafu unapumua majini kama samaki. Nikashuka na mwenyeji wangu, Bi Sefa, kuliona Shimo Linalopumua. Ndani linawaka kama makaa, na ukingoni yameota maua yanayoimba. Nikasogea niyasikie vizuri. Mara shimo likavuta pumzi, na mimi nikavutwa nayo.

"Nifanyeje?" nikapiga kelele. Bi Sefa akaanza kuniombea dua. Hapo ndipo nilipoogopa kweli.

Nikakumbuka asubuhi ile tembo wa Mikumi alipotukuta kwenye mahindi, huko nyumbani Masanze. Ulisema, "Usikimbie hivi hivi, mwachie kitu cha kushughulika nacho," ukavua kanga ukamtupia. Basi nikaifungua kiunoni kanga uliyonikatia kwenye doti yako, nikaiachia. Shimo likaimeza, likatulia kama mtoto aliyepata ziwa. Tukapanda.

Leo alfajiri limetoa pumzi. Ghuba nzima imekuwa nyekundu kwa rangi ya kanga yako, watoto wanaichota kwa ndoo wakicheka. Bi Sefa anasema shimo hili halijawahi kurudisha kitu. Nikamwambia halikuwa limekutana na wewe.

Asante, Mama. Kile kipande chako cha doti usikiweke sandukuni. Ukienda shamba, jifunge hicho hicho.

Mwanao akupendaye,
Zuhura